Uteuzi ni Amana: Mbona Twaficha Ushahidi?



Msasa twaujua sote tangu utotoni. Ni karatasi ya fundi seremala, na kabla ya karatasi yalikuwa ni majani makavu ya mti wenyewe uitwao msasa, ambayo mafundi wetu wa milango na vitanda wakisugulia mbao. Leo neno hili limetoka karakana likaingia Bungeni. Rais wa Kenya akitaja majina ya mawaziri, magazeti husema kuwa wateule hao “watapigwa msasa”, nasi twakaa mbele ya runinga tukingoja kuona wakisuguliwa.

Lakini muulize fundi yeyote. Atakwambia kuwa msasa huondoa ukavu wa juu, haumtoi dumuzi aliye ndani. Dumuzi hujulikana na mtu aliyelala chumba kimoja na mbao ile, akaisikia usiku ikitafunwa. Na mtu huyo, ndugu yangu, si mbunge wa huko mbali. Ni wewe.

Tulieleze kwanza jambo lenyewe lilivyo, maana wengi hulisema bila ya kulijua. Kabla ya Katiba ya 2010, Rais akichagua mawaziri apendavyo miongoni mwa wabunge, na makatibu wa wizara apendavyo, na Jaji Mkuu apendavyo. Sisi tukisikia katika taarifa ya habari ya saa saba mchana, na mara nyingi aliyepewa cheo au aliyenyang’anywa akisikia hapo hapo pamoja nasi, mkono ukiwa ndani ya sahani. Katiba ya 2010 ililibadilisha hilo. Waziri hawi mbunge. Idadi yao haipungui 14 wala haizidi 22. Rais hutaja jina, na jina hilo haliwi kitu mpaka Bunge la Taifa liliridhie. Ndivyo ilivyo pia kwa makatibu wa wizara, mabalozi na Mwanasheria Mkuu. Ama Jaji Mkuu, yeye hupendekezwa kwanza na Tume ya Huduma za Mahakama, kisha jina hupelekwa Bungeni.

Mwaka 2011 ikatungwa sheria maalumu ya kueleza vipi Bunge litawaidhinisha hao wateule. Jina hupelekwa kwenye kamati. Karani wa Bunge huutangazia umma siku zisizopungua saba kabla ya kikao. Mteule huja akahojiwa hadharani juu ya elimu yake, kazi alizofanya, kodi aliyolipa na mali aliyonayo. Na sheria hiyo imempa mtu yeyote haki ya kuleta maandishi ya kiapo yenye ushahidi wa kuonyesha kuwa mteule hafai. Nimesema mtu yeyote. Haikusema wakili, wala mzee wa chama, wala mwenye shahada ya chuo kikuu. Muuza samaki wa Forodhani anayo haki hiyo sawasawa na profesa.

Na ndani ya sheria hiyo hiyo mna kifungu ambacho kila nikikikumbuka huona baridi. Muda uliowekwa ukipita, na Bunge halikukubali wala halikukataa, mteule huhesabiwa kuwa amekubaliwa. Katika fiqhi twafunzwa kuwa bikira akiulizwa juu ya posa akanyamaza, kunyamaza kwake ndiko kuridhia kwake. Lakini bikira hunyamaza kwa haya. Bunge, na sisi tulio nyuma yake, twanyamaza kwa sababu gani?

Nitakuhadithia jambo nililoliona kwa macho yangu. Miaka michache iliyopita alitajwa mtu wa huku kwetu kwa cheo kimoja ambacho hupitia Bungeni. Usiku ule barazani petu palikuwa na furaha kama ya harusi. Kahawa ilimiminwa mara tatu. Jirani yangu mmoja, karani mstaafu, alikaa kimya pembeni. Watu walipotawanyika akaninong’oneza kuwa yeye aliwahi kufanya kazi chini ya bwana yule, na kuwa yalikuwako malipo ya jengo la zahanati ambalo mpaka leo halijainuka zaidi ya msingi. Karatasi alizipitisha kwa mkono wake mwenyewe, na nakala anazo. Nikamwambia: basi andika. Akaniangalia kama niliyemtukana. “Nimchome mwenzangu? Ana watoto. Na isitoshe ni mtu wetu.” Siku saba zikapita. Mteule akahojiwa, akajibu vizuri, akacheka na wabunge, akapita. Haukupita mwaka, jirani yangu huyo huyo akawa ndiye wa kwanza barazani kumlaani.

Sasa tazama ajabu yetu, watu wa Pwani. Ikiwa ni mwezi mwandamo, mtu mmoja akiuona Lamu, simu hulia usiku kucha mpaka Mombasa na Vanga. Twamuuliza: wewe nani? Uliuona wapi? Ulikuwa na nani? Mbingu zilikuwa safi? Twagombana, twagawanyika misikiti, wengine wakafunga na wengine wakala, yote kwa kuitukuza shahada. Nalo ni jambo jema kuitukuza shahada. Lakini shahada ya mwezi ina amana ya siku moja ya saumu, na shahada juu ya mtu atakayeshika wizara ina amana ya dawa za hospitali, ya ardhi ya mayatima, ya madarasa na barabara kwa miaka mitano. Ile ya kwanza twakesha nayo, hii ya pili twaimeza pamoja na kahawa.

Mwenyezi Mungu katika Suratul Baqara, mwishoni mwa maneno marefu juu ya madeni na kuandikiana, amekataza kuficha ushahidi, na dhambi yake akaitia moyoni. Wanazuoni wameeleza kuwa ni kwa sababu moyo ndio mahali pa kufichia. Na katika Suratun Nisaa tumeamrishwa tusimame na uadilifu tukiwa mashahidi hata juu ya nafsi zetu na wazazi na jamaa. Basi huyo “mtu wetu” hatoki nje ya amri hiyo. Kinyume chake, aya imemtaja yeye hasa, maana juu ya watu wa mbali hakuna anayepata taabu kushuhudia.

Utasikia watu wakisema kuwa haya ya kuhoji wateule ni mambo ya kigeni, yametoka Marekani ambako tangu katiba yao ya 1787 Rais huteua na Seneti huridhia. Ni kweli utaratibu wa vikao umefanana na wa huko. Lakini kumchunguza mtu kabla hajakabidhiwa roho na mali za watu, jambo hilo nani alitufunza kabla ya Sayyidna Umar (R.A.)? Alikuwa akiwateua magavana akaandika mali zao siku ya kuwateua, na wakirudi na ziada huwauliza imetoka wapi, na wengine aliwagawia nusu kwa nusu na hazina ya Waislamu. Na imepokewa kuwa mtu mmoja alisimama mbele yake kumsifu mwenzake. Umar akamuuliza: je, u jirani yake, wajua kuingia kwake na kutoka kwake? Akasema la. Umefanya naye biashara ya dinari na dirhamu? La. Umesafiri naye? La. Basi Umar akamwambia kuwa hamjui mtu huyo, labda amemwona tu msikitini akiinama na kuinuka.

Hapo pana somo kwetu, maana sisi sifa yetu kubwa kwa mteule ni kuwa huonekana safu ya mbele Ijumaa, na kuwa alichangia mazulia.

Wako watakaosema tena: hata tukiandika haidhuru, Bunge ni muhuri tu, wenye wingi wamekwisha kupatana. Siwezi kuwakadhibisha kabisa. Mwaka 2022 Rais William Ruto alipeleka majina 22 ya mawaziri, na walikuwamo waliokuwa na kesi mahakamani. Kamati ikampinga mmoja tu, naye Bunge zima likampitisha, wakaapishwa wote. Julai 2024, baada ya vijana kuingia mabarabarani kuupinga mswada wa fedha na roho nyingi kupotea, Rais aliliachisha kazi baraza lake karibu lote kwa siku moja, tarehe 11. Akabaki Mkuu wa Mawaziri, Musalia Mudavadi. Zisitimie wiki mbili, majina ya wengi miongoni mwa walioachishwa yakarudi tena Bungeni, wengine kwa wizara zile zile na wengine kwa nyingine. Agosti mwaka huo Bunge likakubali 19 na kumkataa mmoja. Mtu atauliza: ikiwa walifaa, kwa nini waliachishwa? Na ikiwa hawakufaa, msasa ulisugua nini?

Swali hili ni la haki. Lakini angalia pia upande wa pili, ambao barazani hautajwi. Januari 2011, Katiba mpya haijatimiza hata nusu mwaka, Rais Mwai Kibaki alitaja majina ya Jaji Mkuu, Mwanasheria Mkuu, Mkurugenzi wa Mashtaka na Msimamizi wa Bajeti bila ya kupitia njia iliyowekwa. Wananchi kupitia vyama vya kutetea haki, kikiwamo cha wanawake, wakaenda mahakamani. Tarehe 3 Februari Jaji Daniel Musinga akasema uteuzi ule ni kinyume cha Katiba. Spika Kenneth Marende naye akalifunga jambo hilo Bungeni, na mwezi haujaisha Rais akayaondoa majina yote manne. Ndipo ikaja nafasi ya Jaji Mkuu kutangazwa, watu wakaomba, wakahojiwa hadharani, akapatikana Willy Mutunga. Kabla ya hapo Kenya haikuwahi kumwona Jaji Mkuu akiulizwa maswali kama mwombaji kazi.

Mwaka 2012 Rais huyo huyo aliteua makamishna wa kaunti 47. Jaji Mumbi Ngugi akabatilisha. Mwaka 2023 wakaapishwa makatibu waandamizi 50 katika wizara. Tume ya Utumishi wa Umma ilikuwa imetangaza nafasi 23 tu, hizo 27 zikaongezwa baadaye wala umma haukuulizwa. Bunge likasema halina sheria ya kuwahoji. Chama cha Mawakili na wananchi wakashtaki, na Julai 2023 Mahakama Kuu ikasema nafasi zile hazikuundwa kwa Katiba. Katika mambo yote hayo hapakuwa na jeshi wala bakora. Palikuwa na karatasi, na mtu aliyeapa juu ya karatasi. Basi usiniambie kuwa karatasi haina nguvu. Niambie kuwa hukuandika.

Ndugu zetu wa Tanga, Dar es Salaam na Unguja wakisoma haya huenda wakatuonea kijicho. Kwao Waziri Mkuu ndiye huletwa Bungeni akathibitishwa kwa kura. Mawaziri wengine, wakuu wa mikoa na wakuu wa wilaya huteuliwa na Rais wakaapishwa, bila kikao cha hadharani cha kuwahoji, wala tangazo la kumwita jirani aseme alijualo. Sisi tumefunguliwa mlango, tumekaa kizingitini twalalamikia joto.

Lakini hapa yataka tahadhari, na wenye hasira wasome kwa utulivu. Kuficha ushahidi ni dhambi, na ushahidi wa uongo umehesabiwa na Mtume (S.A.W.) katika madhambi makubwa kabisa. Sharia haikutufungulia mlango wa kusema ili tutoe vinyongo. Sikiliza kisa cha Saad bin Abi Waqqas (R.A.), naye ni mmoja wa kumi waliobashiriwa Pepo. Alikuwa gavana wa Kufa, watu wakamshtaki kwa Umar hata wakasema hasalishi vizuri. Umar hakusema “huyu ni sahaba, nyamazeni.” Alimwondoa, kisha akapeleka watu Kufa wakauliza msikiti hata msikiti. Kila msikiti wakamsifu, ila katika msikiti wa Bani Abs aliinuka mtu mmoja, Usama bin Qatada, akasema Saad hatoki na jeshi, hagawi sawa, hahukumu kwa haki. Saad akamwombea dua mbaya kwa uongo wake, na mtu yule akazeeka katika fedheha, mwenyewe akikiri kuwa dua ya Saad imempata. Umar baadaye alipokuwa akifa alimtia Saad katika wale sita wa shauri la ukhalifa, akabainisha kuwa hakumuuzulu kwa udhaifu wala hiana.

Tazama mizani iliyomo. Mkubwa aliulizwa, na umma ukaulizwa hadharani, na msema uongo akapata malipo yake, na aliyetakasika akarudishiwa heshima yake.

Bungeni kwetu mizani hiyo mara nyingine hupinduka. Juni 2015 Bunge lilimkataa Dkt. Monica Juma asiwe Katibu wa Baraza la Mawaziri. Wabunge walimtuhumu kuwa ana kiburi, hawaoni anapofuatwa ofisini. Haikutajwa hiana ya fedha wala upungufu wa elimu. Miaka mitatu baadaye, 2018, Bunge lile lile la Taifa likamwidhinisha kuwa waziri wa mambo ya nje. Je, kiburi kilipona? Au kosa la kwanza lilikuwa ni kuwa hakuwafungulia watu mlango wa haja zao? Mimi naona ushahidi wa wananchi unapokosekana, mbunge hubaki na ushahidi wake mwenyewe, nao ni kama alisalimiwa au hakusalimiwa.

Nimesema jirani yangu alinijibu kuwa mteule ni “mtu wetu”. Neno hili ndilo lililotuua, na sitalipita haraka. Twalia miaka yote kuwa Pwani imesahauliwa, na kilio hicho kina ukweli: mwenye kutaka na aulize hati za ardhi za Lamu na Kilifi ziko kwa nani. Kwa hivyo akitajwa mmoja wetu, twaona tumelipwa. Wazee hupiga pasi kanzu, basi hukodishwa, hao wakaenda kutoa shukrani kwa aliyeteua. Shukrani za nini? Cheo ni cha umma. Mshahara ni kodi ya muuza mabuyu. Aliyeteua amefanya wajibu wa kazi yake, na ukimshukuru kwa sadaka atakudai fadhila siku ya kura, nawe huna la kumjibu.

Abu Dharr (R.A.) alikuwa “mtu wetu” kuliko yeyote tunayemjua. Mtume (S.A.W.) alimpenda na akamsifia ukweli wa ulimi wake. Alipoomba apewe uongozi, Mtume alimwambia kuwa yeye ni dhaifu, na kuwa kazi ile ni amana, na Siku ya Kiyama ni hizaya na majuto ila kwa aliyeichukua kwa haki yake. Hakunyimwa kwa uovu. Alinyimwa kwa kuwa uchamungu peke yake hauendeshi kazi. Nabii Yusuf (A.S.) naye alipotaka hazina za Misri hakusema mimi ni mwana wa Yaaqub, kitukuu wa Ibrahim, nasaba ambayo lau angeitaja hapana wa kushindana naye. Alitaja mambo mawili tu: kuwa ataihifadhi, na kuwa ana ujuzi wake. Lau angehojiwa Bungeni leo, majibu yake yangetosha dakika moja, na sisi barazani tungemuuliza kabila.

Nanyi akina mama mliosoma mpaka hapa, msidhani maneno haya ni ya baraza za wanaume. Nani ajuaye kuwa mfuko wa wajane haukufika? Nani aliyesimama foleni ya hospitali tangu alfajiri akaambiwa dawa hakuna, naye akaona kwa macho yake gari likipakia maboksi mlango wa nyuma? Ushahidi wenu mwauzungumza jikoni na kwenye arusi, na mwanijuza mimi mengi kuliko magazeti.

Basi yafanywe nini? Tangazo la Bunge likitoka, imamu alisome baada ya sala ya Ijumaa kama anavyosoma tangazo la maziko: jina, cheo, siku ya kikao. Wasitajwe watu kwa ubaya juu ya mimbari. Lisomwe tangazo tu, na mwenye kujua ajue kazi yake. Mwenye ushahidi aandike alichokiona yeye, si alichosikia, kwa tarehe na mahali, aambatanishe nakala, aende kwa wakili mwenye mamlaka ya kuapisha, aape, na karatasi imfikie Karani wa Bunge la Taifa, Nairobi, kabla ya siku ya kikao. Na mwenye kujua wema wa mteule naye aandike, kwani wale watu wa misikiti ya Kufa waliomsifu Saad hawakukaa kimya.

Yule jirani yangu nilimpelekea maneno haya ayasome kabla hayajachapwa, kwa kuwa yeye yumo. Alisoma mpaka mwisho, akavua miwani, akasema nimemtia aibu. Kisha akanitaka nimwandikie kwenye karatasi jina la wakili wa kuapisha aliye karibu na sokoni, na kama hufungua Jumamosi.